Gazeti Lilipouliza

Juma lililopita mjukuu wangu aliniletea njugu za kukaanga kutoka sokoni, zimefungwa katika kipande cha gazeti. Nilipokifungua, hata njugu moja haijafika kinywani, harufu ikanipiga: wino, mafuta mafuta, na ule ukavu wa karatasi iliyosafiri. Mdomo wangu ukatangulia akili, nikasema, "Wa alaikum salaam." Mjukuu akageuza shingo. "Bibi, unaitikia nani?" Nikamwambia ale njugu zake aache kupeleleza wazee. Akacheka, akaenda zake. Mimi nilibaki na karatasi ile mapajani, na mchana kutwa sikufanya kazi ya maana.

Harufu ile ilinirudisha Chole ya Mafia, nyumbani kwa baba yangu, nyuma ya mkeka uliotundikwa mlangoni, ubavuni mwa bibi yangu mzaa baba. Mbele ya mkeka ilikuwa baraza ya wanaume. Nyuma yake tulikaa sisi wanawake na ukili wetu wa kusuka, na kila kilichosemwa nje tulikisikia, na kila tulichosema sisi hakikusikika, au ndivyo walivyopenda kuamini. Mimi nilikuwa bado mdogo wa kupita huku na huku, nikipeleka kahawa nje na kurudi ndani na maneno.

Gazeti lilitufikia mara moja kwa mwezi. Meli ya posta ilitia nanga nje ya ghuba, ngalawa ikaenda kupokea mfuko, na kabla mfuko haujafika Bomani kwa Wadachi, ndio Wajerumani wa siku zile, watu walishaanza kusogea kwetu mmoja mmoja, kila mtu akijifanya anapita tu. "Ah, nimekuja kumjulia hali Bwana." Bwana mwenyewe, yaani Baba, alikuwa mzima tangu asubuhi na wote wamemwona msikitini. Lakini ndiyo adabu. Mtu hasemi amefuata gazeti, husema amefuata kahawa.

Msomaji alikuwa Mwalimu, kijana mwembamba wa Kilwa aliyeletwa na serikali kufundisha watoto wa kiume. Baba na wazee wenzake walisoma, tena walisoma sana, lakini herufi zao zilikuwa za Kiarabu. Gazeti lilikuwa la Kiswahili kitupu kilichovishwa herufi za Kizungu, na kwa herufi hizo wazee walikuwa wageni. Basi walikaa kimya, vikombe mkononi, Mwalimu akakohoa kidogo kama imamu mgeni, akaanza.

Habari zilitoka kila pembe ya pwani na bara. Lindi simba amekula ng'ombe. Pangani akida mpya amewasili. Bagamoyo arusi kubwa, ngoma siku mbili. Kila mji ulikuwa na mtu wake wa kuandika, na wengi wao walimaliza kwa salamu: "Nami nawasalimu wasomaji wote." Hapo ndipo palipokuwa na jambo ambalo sijaliona mahali pengine. Mwalimu akisoma salamu, baraza nzima iliitika kwa pamoja, "Wa alaikum salaam wa rahmatullah!" Mara ya kwanza, nilivyosimuliwa, Mwalimu alicheka akasema, "Mabwana, hii ni karatasi." Baba akamwambia, "Kutoa salamu ni suna, Mwalimu, kuitikia ni faradhi. Wala haikusemwa 'isipokuwa ikiandikwa.'" Toka siku hiyo Mwalimu alijifunza kunyamaza kidogo baada ya kila salamu, ili watu watimize faradhi yao.

Na Bibi, nyuma ya mkeka, aliitikia pia. Kwa sauti ya chini, maana sauti yake haikuwa ya kufika barazani. Mimi nikitazama mdomo wake ukitikisika juu ya ukili niliamini jambo moja bila shaka yoyote: kwamba kule Lindi, kule Pangani, mtu yule aliyetusalimu amekaa kwenye baraza yake na anatusikia tukimwitikia. Kama si hivyo, ya nini kuitikia?

Habari za Chole ziliandikwa na Mwalimu mwenyewe. Masikini, kazi ile ilimtoa jasho kuliko watoto wa shule. Kila mtu alitaka kutiwa gazetini. Mwenye kisima kipya alimwita akione. Mwenye mbuzi aliyezaa mapacha watatu alimletea watoto wa mbuzi mpaka mlangoni. Kulikuwa na bwana mmoja aliyeoza binti, Mwalimu akaandika kwamba "chakula kilikuwa kingi sana," na gazeti liliporudi likasomwa, bwana yule hakumsemesha Mwalimu mpaka Ramadhani. "Kingi! Nani alitaka kingi? Mbona hakusema kitamu?" Mke wake akaja ndani kwetu kulia. Bibi akamtuliza, na alipotoka tu, akanigeukia na kuninong'oneza, "Pilau lenyewe liliungua, mke mwenzangu. Mwalimu kamsitiri." Bibi alikuwa akiniita mke mwenzangu kama bibi wote wa kwetu wanavyowatania wajukuu wao, na mimi nilikuwa nikivimba kichwa.

Basi katika hizo habari za Chole palikuwa na kitu. Mwalimu alikuwa akimaliza kusoma alichokiandika, mvua, nazi, samaki, nani kafa, kisha anafika mwishoni na kukunja uso. "'Salamu nyumbani.' Hili tena! Mimi sikuliandika hili." Wazee wakamwambia labda ni adabu ya wachapaji kule Tanga, ambako gazeti lilipigwa chapa. Kisha wakaitikia, kwa sababu faradhi ni faradhi. Lakini mimi niliona, kwa vile mtoto huona yasiyo na faida, kwamba Lindi hawakuambiwa "salamu nyumbani." Wala Pangani. Sisi tu, na karibu kila mwezi.

Nikamwambia Bibi, "Bibi, gazeti kwao ni hapa Chole."

Akacheka mpaka kitambaa cha kichwa kikamlegea. "Ala! Na mama yake ni nani?"

"Sijui. Lakini anayemwitikia sana ni wewe."

Bibi aliacha kucheka, akarudi kwenye ukili wake. Nilidhani nimekosa adabu.

Sasa niwaambie habari za Ami Seif, maana bila yeye haya yote ni mchezo wa watoto. Ami Seif alikuwa mdogo wake Baba, kitinda mimba wa Bibi. Ninachokumbuka juu yake ni kidogo: kicheko, na vidole virefu vilivyojua kutengeneza kila kitu kilichoharibika. Alitaka kwenda Tanga kwenye shule ya serikali. Bibi alikataa katakata. Kwa Bibi, shule ya Mzungu ilikuwa mlango wa kanisa tu, na mtoto aliyeingia humo atatoka amebatizwa hata kama mwenyewe hakujua. Walibishana siku nyingi. Siku ya kuondoka alikuja kuaga, Bibi anaosha mchele. Hakunyanyua kichwa. Alisema, "Nenda. Lakini jua umetoka bila radhi yangu."

Nilikuwa nimeshika ungo. Nakumbuka Ami alisimama pale, na maji ya mchele yakamwagika miguuni pake, meupe. Akasema, "Mama." Bibi akaendelea kuosha. Akaenda.

Kwa watu wetu hakuna neno zito kuliko hilo. Mtu anaweza kukosa mali, akakosa hata afya, akasema alhamdulillahi. Lakini kukosa radhi ya mama, ulimwengu huu umekwama na huo ujao umefungwa. Ami alituma ujumbe mara moja kwa mdomo wa nahodha, kuuliza kama mama amelainika. Wakati huo Bibi alikuwa bado amechacha, akajibu kwamba akitoka kwenye shule ile ndipo watasema. Baada ya hapo, kimya, na waliomwulizia Tanga hawakumpata. Wengine walisema yuko Mombasa. Wengine walimwona Bagamoyo kwa macho yao, wakaapa, halafu ikawa siye. Bibi akalainika, naam, alilainika mpaka akabaki uji, lakini hakuna wa kumwambia. Ukitaka kumpa mtu radhi sharti ujue yuko wapi.

Ikatokea habari moja ya Bweni. Kulikuwa na mtu wa Bweni aliyepotea siku nyingi, mkewe amekwisha kata tamaa. Siku hiyo Mwalimu akasoma katika habari za Lindi kwamba hapo mjini yuko mgonjwa wa mguu, asema kwao ni Mafia, upande wa Bweni, jamaa zake wakisikia wamwendee. Baraza ikalipuka. Mtu akatumwa Bweni siku ile ile, na haukupita mwezi mgonjwa akarudi amebebwa, mguu umekatwa, lakini hai. Mafia nzima ilizungumzia gazeti. Watu ambao hawakuwahi kunywa kahawa yetu wakaja kunywa. Na Bibi akamwita Mwalimu.

Alikaa nyuma ya mkeka, Mwalimu mbele yake kwenye kigoda, mimi katikati nikipitisha kikombe. "Mwalimu, mwanangu," alisema Bibi, "gazeti hufika kila mahali?"

"Kila penye watu wanaosoma, Bibi."

"Basi andika. Andika: Zuwena binti Hemed, wa Chole, amempa radhi mwanawe Seif, popote alipo. Na aje nyumbani."

Mwalimu aliandika. Nilisikia kalamu ikikwaruza. Akamsomea, Bibi akasema arudie, akarudia. Bibi akavuta pumzi ndefu, akaniambia nimwongezee Mwalimu halua.

Baba alilisikia jambo hilo alasiri. Akavaa kanzu, akachukua bakora, akaenda kwa Mwalimu, nami nyuma yake kwa sababu sikukatazwa. Baba yangu hakuwa mtu mkali. Nataka mjue hivyo. Alikuwa mtu wa kumfukuza nzi badala ya kumwua. Lakini alikuwa na heshima, na heshima kwa wakati ule ilikuwa na kuta ndefu. Jina la mwanamke wa nyumba kama yetu halikutajwa mbele ya wanaume. Akiumwa, husemwa "nyumbani hawajambo kidogo." Akifa, husemwa "mama yake fulani." Alimwambia Mwalimu, "Unataka jina la mama yangu lisomwe hapa na Lindi na Tanga, na wapagazi na wauza samaki walitamke? Na ugomvi wa nyumba yangu nao usomwe?"

"Bwana, Bibi mwenyewe amesema..."

"Mama anasema kwa uchungu. Mimi ndiye wa kumsitiri." Akafikiri. Namwona mpaka leo, ameegemea bakora yake, anatafuta neno jema kwa moyo wake wote. "Andika hivi: Watu wa nyumbani wanawasalimu jamaa wote walioko safarini. Hapo mama yumo, na Seif yumo. Atafahamu."

Mwalimu akafuta. Nami, mtoto, nilifurahi. Niliona Baba ameongeza: Bibi alimkumbuka mtu mmoja, Baba amewakumbuka wote. Nilirudi nyumbani nikirukaruka. Sijilaumu kwa hilo, nilikuwa na akili ya saizi yangu.

Tukangoja. Bibi hakusuka chochote cha maana siku zile. Alianza mkeka, akaufumua. Aliamuru chumba cha Ami kipakwe chokaa. Alinituma mara kwa mara nikaangalie kama meli imekuja, mpaka popo wa Chole, ambao hulala kutwa wamening'inia mitini, nadhani walinizoea.

Gazeti likaja. Baraza ilijaa mpaka nje ya kizingiti. Bibi alikaa karibu na mkeka kiasi kwamba pumzi yake iliutikisa. Mwalimu akasoma Lindi, akasoma Pangani, watu wakaitikia salamu zote, kisha akafika: "Chole. Vuli imekuja mapema mwaka huu. Minazi imezaa vizuri. Watu wa nyumbani wanawasalimu jamaa wote walioko safarini."

Bibi akanishika mkono. "Ndilo hilo?" aliniuliza kwa mnong'ono. "Jina langu liko wapi?"

Lakini Mwalimu alikuwa hajamaliza. Akaisogeza karatasi karibu na macho. "Pana kitu hapa. Sikukiandika mimi, wallahi." Akasoma: "'Je, wote?'"

"Wote nini?" mzee mmoja akauliza.

"Ndivyo lilivyoandikwa. 'Je, wote?' Basi."

Baraza ikatazamana. Salamu wangeiitikia, hiyo wameizoea. Swali walikuwa hawajawahi kuulizwa na gazeti. Mmoja akacheka, akasema sasa karatasi imeota ulimi, na wengine wakacheka naye, kikombe kikazungushwa, habari zikaendelea mpaka Kilwa. Hakuna aliyejibu.

Watu walipotawanyika Bibi akamwita Baba ndani. "Mwanangu, gazeti limeuliza."

"Ni makosa ya wachapaji, mama."

"Limeuliza kama ni wote. Mjibu."

"Nimjibu nani, mama? Karatasi haiulizi mtu." Akamweleza kwa upole kwa nini hakuliacha jina lake, akambusu mkono. Bibi hakugombana. Alisema tu, "Heshima yangu uliilinda, ahsante," na akaingia chumbani mwake. Hakutoka kwa chakula. Neno lile "ahsante" Baba alilibeba kama mzigo wa chumvi, lakini alilibeba kimya, na mwezi uliofuata Mwalimu akaandika mvua na nazi.

Na mwezi uliofuata, mwishoni mwa habari za Chole, hapakuwa na "salamu nyumbani." Wala uliofuata huo. Nilimwambia Bibi, "Gazeti limenuna." Hakucheka. Alisema, "Naam. Limenuna, mke mwenzangu." Aliendelea kukaa nyuma ya mkeka kila mwezi, hata hivyo, na midomo yake iliendelea kutikisika baada ya habari zetu, mahali ambapo salamu ilikuwa ikikaa. Aliitikia kitu ambacho hakikuja.

Halafu vita vikaja. Waingereza wakashika kisiwa, Wadachi wakaenda, Mwalimu akaondoka hatukujua wapi, na gazeti likakatika kama kamba. Baraza ikarudi kuwa baraza ya kahawa. Watu walikuja kidogo kidogo, kisha wengine hawakuja kabisa, na waliokuja hawakuwa na la kuitikia. Nilikuwa nimeanza kuvaa buibui, siwezi tena kupita mbele na nyuma.

Vita vilipokwisha akaja mtu. Alipiga hodi asubuhi, akauliza kama hapa ndipo kwao Seif wa Chole. Jina lake Mbaruku, mtu wa Pangani, vidole vyake vimeingia weusi ambao sabuni haiutoi. Baba akamkaribisha barazani, na nyuma ya mkeka tukakaa Bibi na mimi, Bibi macho yamekwisha kufifia.

"Nilifanya kazi na Seif," alisema Mbaruku. "Miaka mingi. Tulikuwa tukilipiga chapa gazeti."

Baba akauliza, "Gazeti gani?"

"Gazeti lile la Tanga, Bwana. Lililokuwa likija kwenu. Sisi ndio tulioziokota herufi moja moja, za madini ya risasi, tukazipanga. Habari za Chole zilikuwa zake. Hakumwachia mtu. Zikiingia tu, anasema, 'Hizo zangu,' anazipanga kwa mkono wake. Na mwisho anatia salamu. 'Salamu nyumbani.' Tulimwonya, Mzungu akijua utafukuzwa. Akasema, maneno mawili tu, hayatamdhuru mtu."

Sikuweza kumtazama Bibi. Nilitazama mkeka.

"Tulimwambia aandike barua. Akasema aliyenyimwa radhi haandiki barua, hungoja aitwe. Alikuwa akitafuta jina la mama yake mle. Kila mwezi. Mvua, nazi, samaki, anatafuta. Mara moja ikaja salamu ya watu wa nyumbani. Alikaa nayo mkononi siku nzima. Akaniambia, 'Mbaruku, watu wa nyumbani ni kaka yangu. Huyu ni kaka yangu anasema. Mama yumo au hayumo?' Ndipo alipotia lile swali. Mzungu aliliona safari hii, akamkaripia, nusura amtoe. Lakini lilikwisha kwenda. Mwezi uliofuata alizipanga habari za Chole akitafuta jibu. Mvua na nazi. Basi. Hakutia salamu tena."

Vitani walichukuliwa wote wawili kubeba mizigo. Ami Seif alikufa kwa homa huko bara, Mbaruku akamzika kwa mkono wake, akamsalia. Alikufa Mwislamu, alisema Mbaruku, hajakosa sala. Alisema hivyo kwa sauti ya kuelekea mlangoni, kama anajua nani anahitaji kusikia.

Bibi akaniambia nimwulize kwa ajili yake. Nikauliza kutoka nyuma ya mkeka, "Bibi anauliza, salamu zile zote zilikuwa zake?"

"Zote, Bibi."

Bibi akasema polepole, si kwangu, "Niliziitikia. Hata moja haikunipita." Kisha akalia, kilio kisicho na sauti, kinachotikisa mabega tu, nami nikamkumbatia. Nilimkumbuka mtoto yule mjinga aliyesema kwao gazeti ni Chole. Watu wazima wote wa baraza ile, na elimu yao, na mtoto ndiye aliyekaribia. Lakini kukaribia kwa mtoto hakumrudishi mtu nyumbani.

Tukafanya hitima. Walikuja watu wote, hata wale ambao tangu gazeti lilipokatika walikuwa hawatujii. Korani ikasomwa, dua ikaombwa, vyano vya wali vikawa tayari kutolewa. Baba alisimama. Alikuwa amezeeka ndani ya wiki moja. Nilimwona kupitia upenyo wa mkeka, bakora mkononi, na nilijua anatafuta neno, kama siku ile kwa Mwalimu. Nina uchungu na Baba mpaka leo, na nampenda mpaka leo, na vitu hivyo viwili vimeshindwa kuhamishana moyoni mwangu.

"Jamaa zangu," alisema. "Mnakumbuka siku moja gazeti lilituuliza swali hapa hapa?"

Wazee wakasema wanakumbuka.

"Lilikuwa likiniuliza mimi. Liliuliza, je, wote? Jibu ni wote. Na wa mbele yao ni mama yangu, Zuwena binti Hemed, wa Chole. Amempa radhi mwanawe Seif, popote alipo."

Jina la Bibi likabaki hewani juu ya vichwa vya wanaume wote wale. Hakuna aliyeinua macho. Ndipo nyuma ya mkeka Bibi, ambaye maisha yake yote sauti yake haikuvuka mlango ule, akaitoa yote, ikafika barazani, ikafika njiani:

"Wa alaikum salaam, mwanangu Seif."